Bubu Aliyesema Uongo



Juzi darasani, tulipokuwa tukijadili vyombo vya habari na wajibu wa raia, nilisema kwamba katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia serikali za Ulaya na Marekani zilitumia sinema kuwafanya watu waipende vita. Kijana mmoja wa kidato cha tatu akanyosha mkono. "Lakini mwalimu," akasema, "sinema za wakati ule zilikuwa bubu. Bubu atasemaje uongo?" Darasa likaangua kicheko, nami nikacheka, kisha kengele ikalia. Sikuwa na jibu la kufaa kwa dakika ile moja iliyobaki. Jibu langu ni hili hapa, na kwa kuwa mimi ni mwalimu wa lugha, nitaanzia kwenye lugha.

Istilahi yenyewe, "sinema bubu", inapotosha. (Naitumia kwa sababu ndiyo iliyozoeleka; sina nia ya kuwavunjia heshima ndugu zetu wasioweza kusema, ambao aghalabu ni wakweli kuliko sisi wenye ndimi ndefu.) Mikanda ya filamu ya miaka ile haikubeba sauti, hilo ni kweli. Ukumbi, hata hivyo, haukuwa kimya. Palikuwa na mpiga piano, na katika kumbi kubwa bendi nzima, na muziki ndio uliomwambia mtazamaji wapi pa kulia na wapi pa kushangilia. Tena katikati ya picha vilitokea vibao vya maandishi: skrini inakuwa nyeusi, maneno meupe yanasimama, mtazamaji anasoma, na pengine anamsomea jirani yake asiyejua kusoma. Ninyi mnaokwenda kwenye vibanda vya video hapa Uganda mnaijua nguvu hii. VJ akishika kipaza sauti na kutangaza kwamba mzee yule aliyevaa kofia ni mwizi, basi kwenu ni mwizi, hata kama katika filamu yenyewe ni mchungaji wa kanisa. Picha haimkatalii msemaji.

Dai langu ndilo hilo. Sinema ya kizalendo ya wakati wa vita haikuhitaji kughushi kila picha. Ilichukua picha, nyingi za kweli, ikazitia mdomoni maneno ambayo hazikuyasema. Na wale wanaotuambia hadi leo kwamba uongo wa namna hiyo ni halali kwa kuwa unalitumikia taifa, mimi nawapinga, na nitaonyesha kwa nini.

Twende kwanza Ufaransa ya kaskazini, asubuhi ya tarehe 1 Julai 1916. Saa moja na dakika 20 kwa hesabu yetu ya Kiswahili, mpigapicha wa Kiingereza Geoffrey Malins alikuwa ameielekeza kamera yake kwenye kilima cha Hawthorn, karibu na kijiji cha Beaumont-Hamel. Wachimbaji wa jeshi la Uingereza walikuwa wamepenya chini ya ardhi hadi chini ya ngome ya Wajerumani na kujaza baruti humo. Ardhi ikainuka, ikasimama angani kama mti mkubwa mweusi, kisha ikaporomoka. Picha hiyo ni ya kweli kabisa, na ni mojawapo ya picha maarufu kuliko zote za vita ile. Dakika 10 baadaye filimbi zikapulizwa, na askari wa miguu wakatoka mahandakini kuyaendea mahandaki ya adui. Mapigano hayo ndiyo yanayoitwa vita vya Somme.

Muda mfupi kabla ya hapo Malins alikuwa amewapiga picha askari waliojificha katika njia iliyobonyea kati ya majeshi mawili, wakisubiri. Kama mna nafasi ya kutazama sehemu moja tu ya filamu hiyo, tazameni hiyo. Wamekaa wamebanana kwenye ukingo wa udongo. Mmoja anatazama kamera na kutabasamu kidogo, kama mtu anayepigwa picha arusini. Mwingine anaitazama kamera, anageuza uso, anaitazama tena. Hakuna anayepaza bendera wala kuinua ngumi. Wengi wa vijana wale waliuawa au kujeruhiwa asubuhi ileile. Mimi nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi, na kila mara nashindwa kuiwekea maneno.

Serikali ilikuwa na maneno tayari. Picha za Malins na za mwenzake John McDowell zilipelekwa London, zikahaririwa, zikawekewa vibao, na mwezi Agosti, vita vikiendelea bado, filamu ya The Battle of the Somme ikaanza kuonyeshwa. Lloyd George, aliyekuwa waziri wa vita, aliandika barua ya kuwahimiza raia waitazame, na barua hiyo ikasomwa hadharani. Inakadiriwa kwamba tiketi milioni 20 ziliuzwa katika wiki sita za mwanzo, hesabu inayokaribia nusu ya wakazi wote wa nchi ile. Familia zilikwenda zikitumaini kuiona sura ya mtoto wao.

Sasa sikilizeni kisa cha picha za shambulio lenyewe. Malins alijaribu kuwapiga picha askari walipokuwa wakisonga mbele chini ya risasi. Alichopata ni viumbe vidogo mno kwa mbali, kama sisimizi juu ya mteremko, wanatembea, wengine wanaanguka, na jicho lisilozoea halitambui hata kwamba wameanguka. Hivyo ndivyo kifo cha kweli kilivyoonekana kwenye kamera ya mwaka 1916: kidogo na cha mbali, hakina ushujaa wa kuonekana. Hakikutosha kwa ukumbi wa sinema. Basi filamu ikaongezewa tukio jingine. Askari wako handakini, afisa anawaamuru, wanapanda ukingo, mmoja anateleza na kurudi chini kama aliyepigwa risasi, wenzake wanatokomea ndani ya moshi, wawili wanaanguka mbele ya seng'enge.

Tazameni tukio hilo kwa jicho la mtu mgumu kuamini. Handaki ni fupi mno kwa handaki la mstari wa mbele. Askari hawana mizigo ile waliyobeba wenzao katika picha nyingine za filamu hiyohiyo. Kamera imesimama mahali ambapo mpigapicha wa kweli angeuawa kabla ya kuzungusha mkono wa kamera mara tatu. Na mmoja wa hao "maiti", akiwa amelala chini, anakunja miguu yake ili akae vizuri. Watafiti walioichunguza filamu hiyo wanakubaliana kwamba tukio hili liliigizwa nyuma ya mstari wa vita.

Hapa nawaomba mtulie, maana ndipo palipo jibu la mwenzenu. Picha ya askari wakifanya igizo ni picha ya kweli ya igizo. Haijasema uongo wowote. Aliyesema uongo ni kibao kilichotangulia, ambacho kwa maandishi meupe kilimwambia mtazamaji kwamba hili ndilo shambulio, kwamba ishara imetolewa na kuwa katika mstari wote wa mbele askari wa Kiingereza wanaruka kutoka mahandakini chini ya moto wa adui. Kilikuwa kibao kimoja cha maneno machache, na kikaugeuza mchezo ukawa ushahidi.

Sitaki kuinyima filamu hii haki yake. Ilionyesha majeruhi wakibebwa migongoni, tena ilionyesha maiti, hata maiti za Waingereza wenyewe, jambo ambalo serikali nyingi hazithubutu kulifanya mpaka leo. Ndiyo maana kiongozi mmoja wa kanisa, Hensley Henson wa Durham, alilalamika gazetini kwamba haifai kugeuza mauti ya mashujaa kuwa burudani. Namwelewa, ingawa lalamiko langu ni tofauti na lake. Yeye aliona filamu imeonyesha mambo mengi kupita kiasi. Mimi naona ilinyamaza mno mahali ambapo ilikuwa na wajibu wa kusema.

Maana siku ile moja, tarehe 1 Julai, jeshi la Uingereza lilipoteza watu 57,470, na kati yao 19,240 walikufa. Hakuna siku nyingine katika historia yake yenye hasara kubwa kama hiyo. Hesabu hiyo haimo katika kibao chochote. Kule Beaumont-Hamel, mahali kilipolipuliwa kilima kinachopendeza sana kwenye skrini, shambulio lilishindwa. Watazamaji wa London walipokuwa wakikishangilia mwezi Agosti, kijiji kile kilikuwa bado mikononi mwa Wajerumani, na hakikutekwa hadi Novemba. Filamu haisemi. Inahamia kusini, alikokuwa McDowell, ambako mambo yalikwenda afadhali, na inatuonyesha mateka, mizinga iliyotekwa na askari wanaotabasamu, hata mtazamaji anatoka ukumbini akidhani ushindi umekaribia.

Wapo watakaonijibu, na nimewahi kujibiwa hivyo na mwalimu mwenzangu ninayemheshimu, kwamba vita vina sheria zake: taifa lililo vitani halianiki siri zake kwenye skrini. Hoja hii inasikika kama ya mtu mzima, lakini haina miguu. Kwanza, kuficha siri si sawa na kutoa ushahidi wa uongo. Pili, siri hiyo ilifichwa kwa nani? Wajerumani walijua vizuri ni Waingereza wangapi walikuwa wamelala mbele ya seng'enge zao. Walikuwa wakiwatazama kila asubuhi. Aliyefichwa ni mama aliyekaa kwenye kiti cha sinema na tiketi mkononi, ambaye mwanawe wa pili alikuwa anakaribia umri wa kuitwa jeshini.

Wengine watanitajia Frances Stevenson, katibu wa Lloyd George. Kaka yake alikuwa ameuawa Ufaransa mwaka uliotangulia. Aliitazama filamu hiyo na kuandika katika shajara yake kwamba sasa ameelewa yale kaka yake aliyoyapitia. Sina haki ya kumcheka aliyefiwa, na sitamcheka. Filamu ilimpa kitu alichokuwa akikitafuta. Lakini ninauliza kama alistahili kupewa, mahali pa kifo cha ndugu yake, askari aliyelala chini kwa kuigiza na kukunja miguu. Anayempenda marehemu hamletei jirani yake sanda tupu akamwambia mazishi yamekwisha.

Wajerumani nao walijibu kwa filamu yao kuhusu Somme, na mwishoni mwa mwaka 1917 jenerali Ludendorff alifanikiwa kuona kampuni kubwa ya filamu, Ufa, ikiundwa kwa msukumo wa jeshi. Sitakaa huko. Ninataka kwenda Marekani, kwa sababu huko ndiko utakakouona uzalendo wa aina hii umevuliwa nguo.

Marekani iliingia vitani Aprili 1917, na mara hiyohiyo serikali ikaunda kamati ya habari chini ya mwandishi George Creel. Kamati hiyo ilifahamu kwamba mtambo wa sinema ulihitaji dakika chache ili mkanda mmoja utolewe na mwingine uwekwe. Dakika hizo nne za giza zikachukuliwa. Watu wapatao 75,000 walijitolea kusimama mbele ya skrini kote nchini na kuhutubia kwa dakika nne: nunueni hati za mkopo wa vita, okoeni chakula, jihadharini na wapelelezi. Mnaona sasa kwa nini nasema sinema ile haikuwa bubu? Hata ilipozimwa, iliendelea kusema.

Na ilisema nini juu ya adui? Katika filamu ya The Heart of Humanity ya mwaka 1918, afisa wa Kijerumani anakerwa na kilio cha mtoto mchanga chumbani. Anamchukua na kumtupa nje ya dirisha. Aliyeigiza afisa huyo ni Erich von Stroheim, mzaliwa wa Vienna aliyehamia Marekani kutafuta maisha, na akajipatia jina kwa kuigiza watu ambao umati ulipenda kuwachukia. Mwaka huohuo, mwezi Aprili, katika mji wa Collinsville jimboni Illinois, genge la watu lilimkamata mhamiaji wa Kijerumani aitwaye Robert Prager na kumnyonga mtini. Walioshtakiwa waliachiwa huru na baraza la wazee wa mahakama. Sidai kwamba filamu fulani ndiyo iliyomwua Prager. Ningedai hivyo, ningekuwa ninafanya kosa lilelile ninalolishutumu. Nasema tu kwamba hewa waliyoivuta watu wale ilikuwa imekwisha kuchanganywa.

Sasa linganisheni na kisa cha Robert Goldstein. Huyu alikuwa mfanyabiashara wa mavazi ya maigizo mjini Los Angeles, akatengeneza filamu kuhusu mapinduzi ya Marekani ya mwaka 1776, aliyoiita The Spirit of '76. Kwa Mmarekani, hakuna jambo la kizalendo kuliko hilo: babu zetu walivyojikomboa kutoka kwa mfalme wa Uingereza. Ndani yake palikuwa na matukio ya ukatili wa askari wa Kiingereza, mojawapo likiwa la askari anayemchoma mtoto mchanga kwa singe. Bahati mbaya ya Goldstein ni kalenda. Filamu yake ilitoka mwaka 1917, Uingereza ilipokuwa imegeuka kuwa rafiki. Wakaguzi wa Chicago walimkata baadhi ya matukio. Alipoyarudisha kwa maonyesho ya Los Angeles, serikali ikaikamata filamu na kumshtaki mwenyewe kwa sheria mpya ya ujasusi. Kesi mojawapo ilibeba jina la filamu yenyewe, serikali ya Marekani dhidi ya The Spirit of '76, kana kwamba mkanda ungeweza kupanda kizimbani na kula kiapo. Jaji Bledsoe hakusema kwamba mambo yaliyoonyeshwa ni ya uongo. Alisema, kwa muhtasari wangu, kwamba hata yakiwa ya kweli, huu si wakati wake. Goldstein alihukumiwa kifungo cha miaka 10; Rais Wilson akakipunguza kuwa miaka 3. Filamu yenyewe imepotea, wala hakuna ajuaye nakala yake iliko.

Wekeni watoto hao wawili wa kwenye skrini pamoja. Mmoja ametupwa dirishani na Mjerumani: filamu ikaonyeshwa bila bughudha. Mwingine amechomwa singe na Mwingereza: mtengenezaji akaenda jela. Kama uzalendo ungekuwa kuipenda nchi na kuijua historia yake, Goldstein angepewa nishani. Kilichohukumiwa pale ni kutofuata zamu, maana zamu ya kumchukia Mwingereza ilikuwa imepita. Kiswahili kinalo neno linalofaa hapa, nalo ni "kasumba". Maana yake ya asili ni afyuni, dawa ya kulevya. Sisi tukalihamisha likawa na maana ya fikra mtu alizotiwa kichwani mpaka anaziona ni zake. Afyuni haimwulizi mvutaji ni adui gani wa mwaka huu.

Kuna jambo moja zaidi kabla sijafunga ukurasa wa miaka ile. Vita ileile ilipiganwa pia huku kwetu, Afrika Mashariki, na watu wengi walioangamia ndani yake hawakubeba bunduki. Walikuwa wapagazi, waliochukuliwa kutoka Uganda, Kenya, Tanganyika na kwingineko, wakabeba risasi na unga kwa ajili ya majeshi ya wakoloni, wakafa kwa makumi ya maelfu kwa kuhara, njaa na uchovu. Wazungu waliviita vikosi vya Waingereza vya wapagazi hao "Carrier Corps". Ulimi wetu ukalisaga jina hilo likawa Kariakoo, na leo watu wa Dar es Salaam wananunua nyanya na vitenge juu ya kumbukumbu hiyo bila kuijua. Katika filamu iliyotazamwa na nusu ya Uingereza wapagazi hao hawamo; wala hapakutolewa barua ya waziri kuwahimiza raia wakawaone. Neno "uzalendo" limetokana na kuzaliwa, na wale nao walizaliwa.

Mwezi uliopita mmoja wenu alinionyesha kwenye simu video fupi isiyo na sauti: askari wanakimbia kwenye majani marefu, moshi unafuka nyuma yao. Chini yake palikuwa na maandishi ya Kiswahili, sanifu kabisa, yakitaja nchi moja jirani na kulitaja kabila la adui. Siku chache baadaye video ileile ilinifikia kutoka kwa mtu mwingine. Askari ni walewale, moshi ni uleule. Nchi imebadilika, na adui pia. Mwandishi wa maandishi hayo anakijua Kiswahili vizuri kuliko wengi wenu, na hilo ndilo lililoniuma, kwa kuwa mimi huwafundisha sarufi nikiamini kwamba ninawapa taa.

Kwa hiyo kazi ya wiki hii ni hii. Filamu ya The Battle of the Somme inapatikana mtandaoni. Tafuteni sehemu ya askari waliokaa kwenye njia iliyobonyea. Zimeni sauti, ruka kibao cha Kiingereza, tazameni mara tatu. Kisha andikeni kibao chenu cha Kiswahili kisichozidi maneno 15. Maneno "shujaa" na "adui" ni marufuku, isipokuwa kwa atakayeweza kunionyesha kwa kidole mahali alipoyaona ndani ya picha. Kijana wa kidato cha tatu aliyeuliza swali ataandika viwili: kimoja cha kweli na kimoja cha uongo, na darasa litajaribu kuvitofautisha.

Nitakusanya madaftari siku ya Ijumaa.